Ng'ombe Wasio na Mwenyewe

Abdiel aliapa kwa Biblia kwamba hana hata kuku, na mimi nilikuwa nimekaa benchi la pili, kanga yangu ikinuka samadi ya ng'ombe wake. Nimesali kanisani tangu utoto na sijawahi kusikia mtu akilitaja jina la Mungu kwa sauti tamu namna ile. Angekuwa mwanakwaya tungemsifia. Hakimu akaandika, wazee wa baraza wakatazamana, na mimi nikauma ulimi.

Lakini sikukusudia kueleza habari za Abdiel. Watu wa huku Akheri wakisimulia kesi ile huanza na ng'ombe na kumalizia na ng'ombe, na yule mama mwenye kesi wanamsahau katikati kama mzigo ulioachwa stendi. Mimi nataka kueleza habari zake yeye, Agnela. Katika maisha yangu nimewaona wanawake wengi waliodhulumiwa, na mimi nikiwa mmoja wao, na wengi wetu tulilia vizuri sana. Agnela hakulia vizuri. Alifikiri vizuri.

Kwanza lazima nieleze jambo moja la kwetu. Huku mlimani mtu mwenye ng'ombe kadhaa hawafungi wote kwenye zizi lake. Majani ni ya kukata na kubeba kichwani, na macho ya majirani ni makali. Kwa hiyo anawawekesha, mmoja kwa fulani, mwingine kwa fulani, mbali na nyumbani kwake. Anayemtunza ng'ombe anapata maziwa na samadi. Ndama ni wa mwenye ng'ombe, isipokuwa ndama wa tatu, huyo ni wa mtunzaji. Hakuna kuandikiana wala kutajana. Mke wa mtu anaweza kuzeeka asijue mume wake ana ng'ombe wangapi na wanalala wapi, na mtunzaji atakayefungua mdomo hatawekeshewa tena hata mbuzi.

Kwa kuwa hakuna karatasi, kila kitu kinakaa mdomoni mwa mwenyewe. Ukiulizwa mbele ya wazee kama huyu ng'ombe ni wako, ukajibu si wangu, umekwisha. Anabaki kwa aliyemshika kamba. Mtoto wa hapa anajua hivyo kabla hajajua kuhesabu.

Na kuna adabu nyingine. Ng'ombe akizaa, mtunzaji anampelekea mwenyewe dang'a, yale maziwa ya kwanza, mazito ya njano, ambayo ukiyachemsha yanaganda na watoto wanagombania sufuria. Ndiyo namna yetu ya kutoa habari kwamba ng'ombe amezaa salama, bila kulitaja neno ng'ombe.

Hivyo ndivyo nilivyomjua Agnela. Abdiel ni mtoto wa huku huku kwetu, lakini alioa Mchaga wa Kibosho, Mkatoliki, wakafunga ndoa kwa padri, na Walutheri wenzangu wakanuna mwezi mzima. Wakapanga vyumba viwili Kaloleni, nyuma ya uwanja wa mpira, kwenye nyumba ya Bibi Batuli. Abdiel alikuwa dereva wa shirika. Serikali ilipoanza kuuza mifugo ya mashamba yake, akanunua mtamba wa kizungu, mweusi mwenye mabaka meupe, akaniwekesha mimi. Akampa jina la Malkia. Alikuja kumwona kila alipopata nafasi, anamletea pumba, anamkuna shingo, anamsemesha. Mume wangu, Mungu amrehemu, alikuwa akisema kwamba Abdiel hajawahi kunisalimia mimi kwa upole anaomsalimia Malkia.

Malkia alipozaa nilishuka mjini na kibuyu changu. Agnela alikipokea kwa mikono miwili. Hakuuliza dang'a imetoka kwa ng'ombe gani. Alinikaribisha chai, akauliza hali ya kahawa yetu, akauliza jina la mwanangu na darasa lake, na nilipoondoka kibuyu kilikuwa kimeoshwa na ndani yake kuna sukari. Mara ya pili akanipa sweta la mtoto, maana alikuwa ameanza kuuza mitumba ya watoto. Niliondoka nikijisemea kwamba yule Mkatoliki ana adabu kuliko wake wengi waliofundwa hapa.

Ikaja miaka ya ruksa. Mtu aliyekuwa akificha sukari chini ya kitanda akafungua duka, na aliyekuwa na duka akaota tumbo. Abdiel aliacha kazi ya shirika akanunua lori. Akawa anapeleka mahindi na vitunguu Namanga na kurudi na mafuta ya kupikia na mablanketi. Pesa zilimjia, na pamoja na pesa akaja binti mmoja mzuri aitwaye Salwa, ambaye simlaumu, maana na yeye aliambiwa uongo wake. Abdiel akahamia kwa Salwa, Sokon I, kwenye nyumba yenye geti. Agnela akabaki Kaloleni na watoto watatu na kodi ya Bibi Batuli.

Agnela alikwenda mahakama ya mwanzo. Hakimu alikuwa mama mmoja mfupi kutoka Tanga, aitwaye Salha, anayezungumza polepole na kuandika haraka. Akatoa amri ya matunzo: Abdiel alipe kila mwezi kwa ajili ya chakula, mavazi na shule ya watoto. Abdiel akainama kwa heshima, akalipa mwezi wa kwanza, kisha akasahau. Akasahau masika, akasahau kiangazi, akasahau mpaka mwaka ukageuka.

Mahakama ikamtuma Said, dalali wake, akakamate mali. Said alikuwa mtu mzito wa kutembea na mwepesi wa kukasirika. Alirudi kutoka Sokon I akitoka jasho la hasira. Nyumba ilikuwa ya mama yake Salwa. Lori lilikuwa na kadi ya Nasri, binamu yake Salwa. Makochi yalikuwa ya Salwa. Abdiel alimkaribisha chai, akamwambia hata kikombe anachonywea ni cha Salwa, kwa hiyo akiweke taratibu.

Hakimu akamwambia Agnela kwamba sheria inamruhusu kuomba mdaiwa afungwe. Wengi wangeruka kwa furaha. Agnela akajibu, "Mheshimiwa, akifungwa atakula ugali wa serikali. Watoto wangu watakula nini?" Badala yake akaomba Abdiel aitwe, aape, ataje mali yake mwenyewe kwa mdomo wake. Said alicheka. Alimwambia mama, mtu aliyeficha lori atataja nini. Agnela akamwambia, "Wewe niombee tu aitwe."

Ilikuwa Januari na alikuwa na haraka. Binti yake mkubwa, Hanna, alikuwa amefaulu mtihani wa kuingia sekondari ya bweni ya masista. Masista walikubali kumshikia nafasi mpaka Jumatatu ya mwisho ya mwezi. Ikipita Jumatatu ile bila ada, nafasi inakwenda kwa mtoto mwingine, na Hanna anakaa sokoni kupanga mitumba na mama yake. Tranka ilikuwa imeshanunuliwa kwa mkopo. Ilikaa chini ya dirisha kule Kaloleni, na mtoto alikuwa akiifuta vumbi kila asubuhi.

Ndipo siku moja nikatoka migombani na mzigo wa majani kichwani, nikamkuta Agnela amesimama uani kwangu.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Kuna usalama?"

"Upo kidogo," akasema.

Alinitua mzigo. Akakaa kwenye kigoda, akauliza habari za mwanangu Manase kwa jina, akanipa pole ya mume wangu ingawa alikwisha kuja mazikoni. Malkia akalia zizini. Sote wawili tulimsikia, na sote wawili tukajifanya ni kitu kingine.

"Mama Manase," akasema, "ulikuwa unaniletea dang'a."

Nilianza kuchambua majani ambayo hayakuhitaji kuchambuliwa.

"Sikuulizi ilitoka wapi. Najua huwezi kusema, na ningekuwa mimi nisingesema. Nataka kitu kidogo tu. Alhamisi Baba Hanna anaapishwa. Njoo ukae mahakamani."

"Nikasemeje?"

"Usiseme kitu. Hutaitwa na hutaulizwa. Ukae tu pale anapoweza kukuona."

Nilimtazama. Nilianza kuelewa polepole, jinsi maji yanavyopanda kwenye mfereji. Tuliokuwa tukipeleka vibuyu Kaloleni, kama nilivyokuja kujua, hatukuwa mmoja. Tulikuwa watatu, mimi, Mzee Philemoni wa Nkoaranga, ambaye siku hizo alikuwa amebakiwa na dume tu la uzao ule, na mjane mmoja aitwaye Paskalina, na kila mmoja alidhani yuko peke yake. Agnela alitupokea sote kwa mikono miwili, akatuuliza sote tunatoka wapi na watoto wetu ni akina nani, kwa sababu ndivyo mgeni anavyopokelewa. Hakuwa akipeleleza. Alikuwa akituheshimu tu, na heshima ile ikamwachia akilini kila sura na kila kijiji; alipopita kutualika akayaona na mazizi yenyewe. Abdiel aliyatoa majina yote kwenye makaratasi akasahau sufuria za jikoni kwake.

"Na akiapa kwamba si wake?" nikauliza.

"Basi si wake," akasema Agnela. "Wewe unajua zaidi yangu ng'ombe asiye wake anakuwa wa nani."

Sitajifanya mtakatifu. Usiku ule niliomba sana, na nilichoomba ni kwamba Abdiel aape. Malkia alikuwa na mimba. Alikuwa akitoa maziwa ya kulisha nyumba tatu. Kahawa ilikuwa haina bei tena, watu wameanza kung'oa mibuni wapande nyanya, na maziwa yale ndiyo yaliyokuwa chumvi yangu, sabuni yangu na daftari za Manase. Nikamwambia Mungu, wewe unajua hali yangu, mwachie yule kijana ulimi wake wa siku zote. Nilipofika Alhamisi nilimkuta Mzee Philemoni amevaa koti la Krismasi na kofia, na Paskalina amejipaka mafuta mpaka viwiko. Niliona usoni mwao kwamba na wao waliomba.

Abdiel aliingia na suti na viatu vya ncha kali. Hakutazama mabenchi. Akasimama kizimbani, akaapa kwa ile sauti.

"Una nyumba au shamba?" hakimu akauliza.

"Sina, mheshimiwa. Kihamba ni cha baba yangu, bado yu hai."

"Gari?"

"Naendesha la watu."

"Mifugo?"

"Hata kuku, mheshimiwa."

Agnela akasimama. Alikuwa amevaa gauni la buluu na kilemba, nguo safi ya kawaida ya kwendea misa. "Mheshimiwa, naomba nimuulize mdaiwa maswali machache." Hakimu akamruhusu.

"Habari za siku, Baba Hanna," akasema.

Abdiel alikohoa. "Nzuri."

"Kule Nkoaranga kwa Mzee Philemoni kuna dume jekundu, lina pembe moja iliyovunjika. Ni la nani?"

Hapo ndipo Abdiel alipogeuka akatuona. Sijui niseme uso wake ulikuwaje. Mzee Philemoni alikuwa akitazama dari kwa makini kabisa, kofia magotini. Abdiel akamtazama, akamtazama Agnela, akamtazama hakimu mwenye kalamu. Akapiga hesabu yake. Dume moja lenye pembe iliyovunjika.

"Ni la Philemoni," akasema.

Upande wa kulia wa hakimu alikuwa amekaa Mzee Loishiye, mmoja wa wazee wa baraza, Mwarusha mrefu ambaye kwa kawaida husinzia mpaka wakati wa hukumu. Siku hiyo hakusinzia. Akainua kichwa. "Kijana, rudia nisikie vizuri."

"Ni la Philemoni, mzee."

"Tumesikia," akasema Loishiye.

Mzee Philemoni akasimama. Akavaa kofia yake, akainamia mahakama, akainamia Abdiel, akainamia Agnela zaidi ya wote, akatoka nje akitembea kama kijana. Hakimu akashangaa. "Yule mzee ni nani, na anakwenda wapi?" Mzee Loishiye akamsogelea akamnong'oneza kwa muda. Mheshimiwa Salha alisikiliza bila kupepesa macho. Kisha akaweka kalamu chini, akaichukua tena, akasema, "Endelea, mama." Nikaona anajizuia kucheka.

"Baba Hanna, kwa mjane Paskalina kuna ng'ombe wa kienyeji na mtamba wake. Ni wa nani?"

Jasho lilikuwa limeanza kumtoka Abdiel juu ya mdomo. Angeweza kusema ukweli pale. Lakini alikuwa ameshaapa kuhusu kuku, na ameshalitoa dume, na mtu akishaanza kutupa huwa anaona aibu kuokota. "Wa Paskalina," akasema, safari hii bila ile sauti ya kwaya.

"Tumesikia," akasema Loishiye.

"Asante baba, Mungu akuzidishie," akasema Paskalina kwa moyo wake wote, akatoka.

Nikabaki peke yangu kwenye mabenchi yetu. Agnela aligeuka akanitazama kidogo, kwa upole, kisha akamgeukia mumewe.

"Na kule Akheri," akasema, "kwa Mama Manase. Kuna ng'ombe wa kizungu, mweusi mwenye mabaka meupe, ana mimba. Ni wa nani?"

Abdiel hakujibu. Feni ya dari ilikuwa ikilia. Hakimu akasubiri. Mzee Loishiye akaegemeza kidevu kwenye fimbo yake na kusubiri pia.

Nilimwona Abdiel akiwaza, na nilijua anachowaza, kwa sababu nilimwona mara nyingi amesimama zizini kwangu ameegemea ule ubavu mweusi, akizungumza maneno ambayo sikumsikia akimwambia mwanadamu. Agnela hakumharakisha. Alisimama ametulia, mikono ameikunja mbele. Wakati huo huo mtoto wake alikuwa nyumbani akifuta tranka, na Jumatatu ile ya masista ilikuwa karibu sana. Kama Abdiel angetamka neno moja, mimi ningeondoka na ng'ombe na yeye angerudi Kaloleni mikono mitupu. Alijua hivyo alipokuja uani kwangu. Alikuja hivyo hivyo. Hakuniomba nimsaidie kushinda. Aliweka kila kitu chake mdomoni mwa mtu aliyemdanganya miaka yote, kwa sababu alimjua kuliko sisi tulivyomjua, na alijua mwisho wa uongo wake uko wapi.

Kimya kilipozidi nikaona yamekwisha, amekataa kwa kunyamaza. Nikakaza kanga yangu, nikasimama, nikapiga hatua kuelekea mlangoni.

"Kaa chini, Mama Manase," akasema Abdiel.

Nikasimama hapo hapo.

"Rudia kwa sauti," akasema hakimu, "mahakama iandike."

"Nimesema akae chini." Alikuwa ameinamisha kichwa. "Yule ng'ombe ni wangu."

Nilikaa. Niseme kweli, nilisikia uchungu kama nimefiwa. Na katikati ya uchungu ule nikajikuta nampenda yule mwanamke kwa namna ambayo siwezi kuieleza. Alikuwa ameshika ukingo wa meza kwa mikono yote miwili, kama mtu anayeshuka kwenye utelezi. Mpaka dakika ile nilidhani haogopi.

Abdiel akajaribu kurudi nyuma. "Mheshimiwa, na lile dume la Nkoaranga, kwa kweli..."

"Lile dume lina mwenyewe," akasema Mzee Loishiye. "Ametoka hapa sasa hivi na kofia yake."

Hakimu alimwambia Abdiel kwamba kusema uongo baada ya kuapa kuna adhabu yake, na kwamba watazungumza habari hiyo siku yake. Kisha akaandika amri: ng'ombe akamatwe, auzwe kwa mnada Jumamosi, deni la matunzo lilipwe lote.

Kesho yake Said alikuja Akheri na hati yake, na Agnela akaja naye. Nilikuwa nimeshamwosha Malkia, maana sikutaka atoke kwangu mchafu. Said akamfungua kamba. Kisha akamwona mtamba mdogo aliyefungwa pembeni, mweusi mwenye baka jeupe usoni kama mama yake, akaanza kumfungua na yeye.

"Huyo mwache," akasema Agnela.

"Mama, mimi nimeandikiwa mali ya mdaiwa. Huyu ni uzao wa ng'ombe wake. Na akiuzwa huyu na wewe unapata akiba ya miezi ijayo."

"Huyo ni uzao wa tatu. Ni wa Mama Manase."

"Nani kasema?"

"Mimi nasema. Dang'a yake niliipokea kwa mikono yangu."

Said alimtazama, akanitazama mimi. Akairudisha kamba kwenye nguzo. Fikirini jambo hilo. Mtamba wa kizungu, mwanamke mwenye watoto watatu na kodi ya nyumba, na hakuna mtu duniani ambaye angemuuliza. Mimi mwenyewe nilikuwa nimeshakata tamaa, nimekaa kimya kama mjinga. Niliingia jikoni nikalia, na safari hii sikulia vizuri hata kidogo.

Jumamosi nilimshikia Malkia kamba mwenyewe pale kwenye kiwanja nyuma ya mahakama, kwa kuwa alikuwa hamkubali mtu mgeni. Wachinjaji walikuja wengi, na aproni zao. Hanna alikuwa amesimama na mama yake chini ya ukuta, na tranka imewekwa katikati yao. Agnela alikuwa ameamua kwamba wakitoka pale hawarudi Kaloleni, wanakwenda moja kwa moja stendi, au hawaendi kabisa. Abdiel alikuwa ameegemea lori ambalo si lake, ng'ambo ya barabara.

Said akaanza kutangaza bei. Wachinjaji wakapandishiana. Mmoja mwenye kidole chenye pete akaja akambonyeza Malkia mbavuni, akamfinya paja, akamshika tumbo lile lenye ndama. "Nyama ipo," akasema, na kuongeza bei.

"Simamisha," akasema Abdiel.

Alikuwa ameshavuka barabara. Said akamwambia mnada wa mahakama hausimamishwi kwa mdomo, unasimamishwa kwa kulipa deni lote na gharama za dalali. Abdiel akafungua koti, akatoa bahasha, kutoka mfuko mwingine akatoa bahasha nyingine, akamhesabia Said pale pale mbele ya watu wote pesa ambazo kwa kiapo hazikuwepo. Watu wakaanza kuguna na kucheka. Mwanamke mmoja wa sokoni akaanza kigelegele. Agnela akageuka akamtazama tu, na kigelegele kikafia njiani.

Said akahesabu upya, akachukua gharama zake, akamkabidhi Agnela zilizobaki na kumsainisha. Mimi nikampa Abdiel kamba.

"Mama Manase," akasema kwa sauti ya chini, "mrudishe tu nyumbani. Endelea kumtunza kama zamani."

"Zizi langu lina ng'ombe wangu," nikamwambia.

Akatazama huku na huku. Alikuwepo mtu wa Nkoaranga, walikuwepo watu wa Akheri, na wote ghafla walikuwa wakitazama viatu vyao. Nani atamshikia kamba mtu ambaye kesho dalali wa mahakama anaweza kumfuata ng'ombe wake zizini kwako? Akabaki amesimama na suti yake, ng'ombe mwenye mimba mkononi, na Sokon I hakuna majani.

Agnela alikuwa anafunga pesa kwenye kitambaa. Mimi ningepita pale bila kugeuza shingo. Ningetema mate, nawajulisha. Yeye akamsukuma Hanna begani taratibu.

"Msalimie baba yako."

Mtoto akasita. Kisha akasogea mpaka karibu. "Shikamoo baba."

Abdiel alihamisha kamba kutoka mkono wa kulia kwenda wa kushoto. "Marahaba," akasema. Akaitazama tranka, akalitazama lile jina lililoandikwa kwa rangi nyeupe juu ya mfuniko, jina lake yeye likiwa la pili baada ya jina la mtoto. "Unakwenda wapi?"

"Shuleni."

"Shule gani?"

Hanna akamgeukia mama yake. Hakujua kama anaruhusiwa kusema.

Agnela akamtajia jina la shule, taratibu, mara mbili, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia. "Siku ya wazazi ni Jumapili ya kwanza ya kila mwezi," akasema. "Wanafungua geti baada ya misa. Njoo na kitambulisho, masista hawakujui."